Dira Isemayo na Dira Inyamazayo: Safari za Anga na Wakati katika Riwaya ya Kiswahili

Katika ushairi wa visiwani na mwambao, chombo cha baharini kimebebeshwa kila aina ya shehena. Kimekuwa nchi, kimekuwa ndoa, kimekuwa mwili wa mwanadamu. Na nahodha wake amekuwa mfalme, mume au roho. Mpenzi wa mashairi hahitaji kufafanuliwa maana ya tanga lililochanika wala usukani uliovunjika. Lakini imo ala moja katika chombo hicho ambayo washairi wameitaja mara nyingi na wahakiki wameichunguza mara chache, nayo ni dira. Aghalabu dira hutajwa kana kwamba ni kisawe cha uongofu: aliye nayo ameokoka, asiye nayo amepotea. Mwanamaji hawezi kukubaliana na hesabu hiyo. Dira haimwambii mtu alipo, wala haijui aendako. Huonyesha upande mmoja tu, kisha hunyamaza, na mengine yote humwachia anayeitazama.

Tofauti hiyo kati ya ala inayoonyesha na ala inayoamua si ndogo. Huwa kubwa zaidi pale fasihi inapotoka baharini ikaingia angani, au inapoyaacha masafa ikasafiri katika wakati. Riwaya ya Kiswahili imeifanya safari hiyo zaidi ya mara moja. Shaaban Robert aliifanya katika Kusadikika (1951), Katama Mkangi katika Walenisi (1995), na Said Ahmed Mohamed katika Babu Alipofufuka (2001). Katika kila kitabu msafiri huvuka mpaka ambao jahazi haliwezi kuuvuka. Basi huongozwa na nini? Makala haya yanadai kwamba katika vitabu vyote vitatu dira ya kubuni ni neno, na kwamba nguvu na udhaifu wa kila kitabu hutokana na jinsi neno hilo linavyotumiwa. Ili dai hilo lipimwe kwa haki, halifai kupimwa Unguja wala Lamu, ambako kila mtu amekwisha kuamini kwamba bahari ni yake. Litapimwa Lupingu, katika wilaya ya Ludewa, mkoa wa Njombe, mahali penye maji, mitumbwi na upepo, lakini pasipo na bahari.

Ala za nahodha

Yafaa kwanza kukumbusha ala zenyewe zilivyokuwa. Wanamaji wa Bahari ya Hindi walikuwa na dira ya sindano. Walikuwa na bildi, kamba yenye risasi ya kupimia kina cha maji. Na walikuwa na ala ambayo Waarabu waliiita kamal, kijibao cha mstatili chenye uzi uliofungwa mafundo. Nahodha aliushika uzi kwa meno, akakisogeza kijibao mpaka ukingo wake wa chini uguse upeo wa macho na ule wa juu uguse nyota ya Jaa. Fundo likamjulisha yuko kaskazini kiasi gani. Lakini ala hiyo ilikuwa na mpaka wake. Chombo kikienda kusini, nyota ya Jaa huteremka; kikivuka ikweta, hufichika. Aliyeshuka kuelekea Kilwa na Sofala alilazimika kutafuta nyota nyingine. Lugha imehifadhi athari ya safari hizo, kwani Kiswahili cha zamani kiliita kaskazini jaa na kusini suheli, kwa majina ya nyota.

Ala nyingine ilikuwa shairi. Ahmad ibn Majid, nahodha wa Julfar wa karne ya 15, aliitia sehemu kubwa ya elimu yake katika tungo za bahari ya rajaz, na mojawapo, iitwayo Sufaliya, inaeleza njia ya pwani ya Afrika Mashariki hadi Sofala. Masimulizi yanayodai kwamba yeye ndiye aliyemwongoza Vasco da Gama kutoka Malindi mwaka 1498 yanatiliwa shaka kubwa na wanahistoria, na heshima yake haiyahitaji. La muhimu ni kwamba mizani ilikuwa na kazi ya kufanya chomboni. Katika giza la usiku, mikono ikiwa imeshika kamba, kitabu hakifunguliki. Ubeti uliohifadhiwa moyoni hufunguka wenyewe. Wale wanaoitetea mizani kwa hoja ya urithi peke yake wameiacha hoja iliyo madhubuti zaidi, kwamba mizani iliwahi kuokoa watu.

Ama wakati, haukuwa jambo la mbali na masafa. Kaskazi huvuma takriban Desemba hadi Machi, kusi takriban Aprili hadi Septemba, na aliyekosa upepo wake alingoja miezi. Mwaka wa Nairuzi, wenye siku 365 zilizogawanywa katika miongo ya siku kumi kumi, ulikuwa kalenda ya wakulima na wanamaji kwa pamoja. Kwa hiyo umbali wa Maskati na Unguja haukupimwa kwa maili tu, ulipimwa kwa msimu. Msomaji wa visiwani asione ajabu anapoambiwa kwamba anga na wakati ni kitambaa kimoja, kwani babu zake walisafiri ndani ya kitambaa hicho bila kukipa jina.

Safari tatu

Kusadikika ni nchi inayoelea hewani. Wajumbe wake sita hutumwa kwenda pande sita: Mashariki, Magharibi, Kaskazini, Kusini, Mbinguni na Ardhini. Hiyo ni dira yenye ncha mbili zaidi ya dira ya jahazi, na kwa fasihi ya mwaka 1951 ni ubunifu wa kutosha kumstahiki Shaaban Robert sifa. Hata hivyo, msomaji anayetafuta chombo walichosafiria wajumbe hao hapati cha kushika. Kinachosafiri kwa kweli ni hoja ya Karama. Anaposimama mbele ya Mfalme kujitetea dhidi ya mashtaka ya Majivuno, anazirudisha safari zilizokwisha pita, moja baada ya moja, na kuzifanya zitokee tena mbele ya baraza. Wajumbe walifungwa kwa sababu ya habari walizoleta. Karama, kwa maneno, anaurudisha wakati nyuma hadi siku ya dhuluma ili hukumu itazamwe upya. Mahakama ndiyo chombo, na hoja ndiyo dira.

Hapo pana ufundi, na hapo pana upungufu. Kwa kuwa safari zote sita hupita katika kinywa cha mtu mmoja, zote zina sauti moja. Mjumbe wa Mbinguni na mjumbe wa Ardhini hutofautiana kwa mambo waliyoyaona, hawatofautiani kwa namna walivyochoka. Pepo zatajwa, lakini hakuna anayepigwa nazo. Msomaji hufika kila upande akiwa amekwisha kuambiwa maana ya upande huo.

Walenisi huanza mahali pengine. Dzombo anahukumiwa kufa, na chombo cha angani anachotiwa ndani yake ndicho kinachokusudiwa kumwua. Mkangi, aliyekuwa mwanasosholojia na ambaye katika miaka ya 1980 aliwahi yeye mwenyewe kutiwa kizuizini na serikali ya Kenya, alijua vyema chumba kisicho na dirisha kikoje. Jambo kubwa katika riwaya yake ni kwamba mfungwa anajifunza kukiendesha kile alichotiwa afie ndani yake. Ala za wauaji zinageuka kuwa ala za safari. Katika nathari ya Kiswahili ni taswira chache za uhuru zinazoweza kusimama kando ya hiyo.

Lakini dira halisi ya kitabu hiki imo katika jina lake. Walenisi ni wale-ni-sisi. Sarufi ya Kiswahili hupanga ulimwengu kwa umbali kutoka kwa msemaji: hawa walio karibu, hao waliotajwa, wale walio mbali. Mkangi amechukua kiashiria cha mbali kabisa, wale, akakiunga na kiwakilishi cha karibu kabisa, sisi, na kati ya hivyo viwili ameweka kitenzi kishirikishi kimoja kifupi. Sayari nzima imevukwa kwa silabi moja. Hakuna mtambo wa angani katika hadithi za kigeni uliobuniwa kwa uchache wa vifaa kama huo, na hauwezi kufasiriwa katika lugha nyingine bila kuvunjika.

Ndiyo sababu inasikitisha kwamba, baada ya kutua, riwaya inaachia usukani. Dzombo aliyejifunza kuongoza chombo katikati ya mauti anakuwa mwanafunzi wa kusikiliza. Wenyeji wanaeleza, mgeni anauliza, wenyeji wanaeleza tena. Jina la kitabu lilikwisha kusema kwa silabi nne yale ambayo mazungumzo hayo yanayasema kwa kurasa nyingi.

Katika Babu Alipofufuka hakuna chombo kabisa. K, mtu wa madaraka na starehe, anajiwa na mzuka wa babu yake na kuchukuliwa kwenda kuyaona yale aliyojizoeza kutoyaona. Said Ahmed Mohamed, mzaliwa wa Pemba, ambako kila mtoto huijua pwani kabla ya kuijua barabara, ameiacha jahazi kando kwa makusudi. Dira hapa ni mzee aliyekufa. Haielekezi kaskazini, huelekeza mlikotoka. Na kwa kuwa K hataki kwenda, safari yenyewe ina msuguano ambao Kusadikika haina: kila hatua ni ugomvi kati ya anayevuta na anayevutwa. Katika vitabu hivi vitatu, hiki ndicho kinachomfanya msafiri awe na mwili na aibu.

Hata hivyo babu anajua kila kitu. Dira inayojua kila kitu si dira tena, ni hakimu. Abiria hawezi kupotea, na asiyeweza kupotea hawezi kugundua. Euphrase Kezilahabi, mwana wa kisiwa cha Ukerewe katika maji baridi, aliliona tatizo hilo mapema. Katika Nagona (1990) na Mzingile (1991) aliivunja dira yenyewe, akamtia msafiri katika njia zinazozunguka, ambamo waliokufa zamani na wasiozaliwa hukutana. Ni dawa kali. Baadhi ya wasomaji hawakupona, wakafunga kitabu.

Lupingu kama kipimo

Lupingu ipo kwenye ukingo wa mashariki wa Ziwa Nyasa, karibu na latitudo ya digrii 10 kusini, chini ya Milima ya Livingstone inayoteremka kwa ukali hadi majini. Kina cha ziwa hukaribia mita 700, hata panaposemwa pwani hapana maana ya ufuo mpana na maji ya magotini kama ya Jambiani. Kandokando ya ufuo huo huishi Wakisi, wavuvi na wafinyanzi ambao vyungu vyao vimesafirishwa kwa mitumbwi toka zamani. Milimani juu yao huishi Wapangwa, waliojulikana kwa kuyeyusha na kufua chuma. Upepo wa kusini unaolichafua ziwa kati ya Mei na Agosti huitwa mwera, nao ni ndugu wa kusi: ni pepo zilezile za msimu mmoja, zenye majina mawili. Mshairi wa Unguja anayedhani kwamba kusi ni mali ya mwambao afikirie kwamba katika mwezi uleule mvuvi wa Lupingu anavuta mtumbwi wake juu kwa sababu hiyohiyo.

Katika wilaya hiyo ya Ludewa kuna Liganga, mlima maarufu kwa mashapo ya chuma chenye sumaku. Mwenye kuisogeza dira karibu na jiwe la namna hiyo huiona sindano ikiyumba na kuacha kaskazini. Hapo dira haijaharibika. Inasema kweli juu ya kilicho karibu, na kwa sababu hiyo inakosea juu ya kilicho mbali. Fasihi ya safari ingefaidika sana na taswira hiyo, kwani wahusika wengi hupotea kwa kuvutwa na kitu cha jirani kilicho kizito mno, ilhali ala yao ni nzima.

Ipo pia ala iliyotengenezwa na serikali. Mkataba wa Uingereza na Ujerumani wa tarehe 1 Julai 1890 uliupitisha mpaka kwenye ufuo wa ziwa. Malawi imeushikilia mstari huo. Tanzania hushikilia kwamba mpaka uko katikati ya maji. Kwa hesabu ya kwanza, mtoto wa Lupingu anayeingia majini kuoga amekwisha kutoka katika nchi yake. Kwa hesabu ya pili hajaenda popote. Kalamu iliyosafiri Berlin na London huweza kumchukua mtu kwa hatua moja kutoka leo hadi mwaka 1890. Hiyo ndiyo ala ya anga na wakati iliyo hatari kuliko zote, nayo haikubuniwa na mwandishi wa riwaya. Mkangi angeitambua mara moja: hapo sisi wamefanywa wale kwa mstari mmoja.

Neno lisilosema

Kipimo kikubwa zaidi, hata hivyo, ni kisasili cha Wapangwa cha uumbaji, ambacho Ulli Beier alikichapisha mwaka 1966 katika mkusanyiko wa Kiingereza wa visasili vya Afrika. Kwa muhtasari, hapo mwanzo palikuwa na anga jeupe na tupu, lisilo na nyota wala mwezi. Mti mmoja ulisimama hewani, ukiwa na wadudu wadogo waliokaa juu yake, na upepo ulikuwapo. Vyote hivyo vilitawaliwa na Neno. Lakini Neno hilo halikuwa kitu cha kuonekana, lilikuwa ile nguvu inayokiwezesha kitu kimoja kukizaa kingine. Upepo ulichukizwa na mti, ukavuma mpaka tawi likakatika na kuanguka pamoja na wadudu wake. Hao walikula majani ya tawi, na kinyesi chao kikarundikana, kikawa kilima, kilima kikawa mlima, mpaka ukaufikia tena ule mti wa asili. Kwa rundo hilo la taka ndipo dunia ilipoanza kupata umbo.

Hiki ni kisa cha safari ya anga. Wasafiri wake hawana chombo, hawana dira, hawana nahodha. Wamepotea kwa sababu ambayo si yao, na njia ya kurudi wanaijenga kwa kile walichokiacha nyuma yao wenyewe. Dunia si mahali walipofika. Ni mabaki ya safari yao. Na wakati ndani ya kisa hiki haupimwi kwa siku, hupimwa kwa kimo cha rundo.

La kuzingatiwa zaidi ni Neno. Katika Kusadikika neno ni hoja. Katika Walenisi ni jina, kisha somo. Katika Babu Alipofufuka ni karipio. Katika kisasili cha Wapangwa Neno halisemi kitu. Halitoi amri, halifundishi, halilaumu. Lipo kama sumaku ilivyo ndani ya jiwe, na vitu huelekea kwa sababu lipo. Mtu aliyezaliwa katika mapokeo ya mwambao, ambako neno kuu limezoeleka kuwa lililotamkwa, atahitaji subira kulielewa neno la namna hii. Subira hiyo ina malipo, kwa kuwa inaonyesha kasoro moja inayozifunga riwaya tatu pamoja: dira zao zinasema mno. Dira ya kweli ni bubu. Mwandishi anapoipa ulimi, humnyang'anya msomaji kazi ya unahodha.

Haimaanishi kwamba Shaaban Robert, Mkangi na Said Ahmed walikosea kuwa na ujumbe. Waliandika katika nchi ambazo watu walifungwa kwa maneno, na mwenye kuokoa chombo kinachozama hana budi kupiga kelele. Lakini katika kila kitabu kati ya hivyo, pale palipo na uhai zaidi ni pale dira inaponyamaza: pande sita za Kusadikika kabla hazijafafanuliwa, mikono ya Dzombo juu ya ala asizozijua, aibu ya K kabla babu hajaieleza. Msomaji hukumbuka hapo, na penginepo hukubali tu.

Washairi nao wana hesabu yao. Mabishano ya mizani na vina yaliyoanza kwa ukali baada ya Kichomi cha Kezilahabi kutoka mwaka 1974 yamekwenda kwa miongo kana kwamba swali ni nani mwenye haki ya kuitwa mshairi. Tungo za Ibn Majid zinauliza jambo jingine: shairi hili likishikwa gizani, litamwonyesha mtu upande gani? Shairi lenye vina lisiloonyesha upande wowote ni uzi usio na mafundo. Shairi huru lenye kujieleza lote, mpaka lisibakishe kitu, ni babu mwingine asiyemruhusu mjukuu kupotea.

Na mwisho kuna deni. Kisasili cha Wapangwa kinasomwa Ibadan, London na New York kwa Kiingereza, ilhali msomaji wa Kiswahili wa Mkoani au Malindi hana njia ya kawaida ya kukutana nacho. Umbali wa Lupingu hadi Unguja umerefushwa kwa kupitishwa ng'ambo. Kinachotakiwa ni kisa hicho kichukuliwe kutoka Kipangwa, kwa wazee wanaokijua, na kuletwa moja kwa moja katika Kiswahili kwa nathari isiyopambwa, kikiwa na upepo wake, mti wake na kinyesi chake bila kuoneana haya. Majarida ya visiwani, ambayo yamefungua kurasa zao kwa tenzi za Pate na mashairi ya Mombasa, yana nafasi ya kisa hicho. Mwandishi kijana anayetaka kubuni chombo cha kuvukia anga na wakati angekuwa na pa kuanzia, tena katika lugha anayoandikia.